Kikombe cha kifuniko, buli la udongo au glasi: uanze na kipi kwenye chai ya Kichina?

Mi nimekuwa nikienda Guangzhou kufata mzigo, na kule kila duka unaloingia kabla hamjaongea bei unakalishwa kwanza kwenye meza ya chai, jamaa anawasha birika la umeme, anamwaga maji huku na huku juu ya sinia lenye matundu, halafu anakusogezea kikombe kidogo kisicho na mkono, saizi ileile ya kikombe cha muuza kahawa wa Kariakoo. Unakunywa funda mbili kimeisha. Anakuongezea. Mara ya kwanza nilidhani ananichelewesha makusudi ili nichoke nikubali bei yake (na labda ilikuwa kweli), ila ile chai ilinikaa kichwani mpaka nimerudi Dar, haina maziwa haina sukari na bado kooni inaacha utamu.

Tangu nianze kujifunza watu wananiuliza swali moja tu, ninunue nini nianzie. Wengi wamekwama kwenye vitu vitatu: kikombe chenye kifuniko ambacho Wachina wanakiita gaiwan, buli dogo la udongo la Yixing, au glasi ya kawaida tu. Nitavilinganisha vyote vitatu kwa mambo yaleyale, nayo ni haya: kinataka mikono na muda kiasi gani, kinafaa majani ya aina gani, kinakula hela ngapi na siku kikivunjika inakuwaje, mezani mko wangapi, na la mwisho ambalo watu hawalifikirii kabisa, we mwenyewe unatafuta raha ipi kwenye hii sanaa.

Kabla hatujaanza, kuna aina ya nne siiweki kwenye mashindano. Zamani za utawala wa Song chai ilisagwa ikawa unga, ikamiminiwa maji ya moto na kupigwa kwa kipigio cha mianzi mpaka ifanye povu jeupe, watu wakashindana povu la nani linakaa muda mrefu, na mfalme Huizong mwenyewe aliandika kitabu cha chai mwaka 1107. Halafu mwaka 1391 mfalme wa kwanza wa Ming, Zhu Yuanzhang, akapiga marufuku chai ya ushuru kuletwa ikulu ikiwa imegandamizwa kama mkate, akataka majani yenyewe, na taratibu nchi nzima ikahamia kwenye majani ya kulowekwa. Chai ya unga Wajapani wakabaki nayo. Siku hizi vijana wa China wanaifufua, ila kwa anayeanza vifaa na unga wake ni kazi kuvipata, kwa hiyo tuiache hapo.

Mikono na muda

Njia ya gaiwan na buli Wachina wanaiita gongfu cha, na ingawa ni neno lilelile la kung fu, halina ngumi ndani yake, maana yake ni chai ya kazi, chai uliyoitolea muda. Majani mengi kwenye chombo kidogo, maji yanakaa sekunde chache, unamimina yote, unarudia. Kwa gaiwan ya mililita 100 hadi 120 unaweka gramu 5 mpaka 7, mara ya kwanza unasuuza majani tu na kumwaga, halafu raundi ya kwanza sekunde kama 10, ya pili hivyohivyo, baadaye unaongeza kidogokidogo. Chai nzuri inakupa raundi saba, nane, hata kumi, na kila moja ladha yake.

Shida ya gaiwan ni moja, inaunguza. Yaani hakuna aliyejifunza bila kuungua, msidanganyane. Kidole gumba na cha kati vinashika ukingo wa juu huku na huku, cha shahada kinakaa kwenye kifundo cha kifuniko, kifuniko unakisogeza kidogo kiache mwanya mwembamba kama unene wa sarafu, halafu unainamisha mkono mzima kwa mara moja bila kusitasita. Ukisitasita mvuke unakupata. Na kosa la wengi ni kujaza maji mpaka juu, hapo ukingo unakuwa moto kuliko ngozi inavyovumilia, we jaza mpaka mdomo unapoanza kutanuka basi. Chagua ambayo ukingo wake umechanua kwa nje, hiyo inapoa haraka. Wiki mbili za kila siku vidole vinazoea.

Buli ni rahisi zaidi kushika kwa sababu lina mkono, unaweza kuanza leo. Linachotaka ni uvumilivu wa aina nyingine. Kumimina kunategemea mdomo wake, lingine linatoa maji sekunde 8 lingine 20, na kwa chai ya kulowekwa sekunde 10 hiyo tofauti ni kubwa mno. Baada ya kunywa usiliache na majani yaliyolowa ndani mpaka kesho, na usilioshe kwa sabuni maana udongo wake haujapakwa rangi ya kung'aa, una vitundu vidogo sana, sabuni inaingia na chai ijayo utainusa.

Glasi haina mambo. Gramu 3 za majani, maji kama mililita 200, unangoja dakika mbili tatu unakunywa humohumo huku majani yakielea. Kuna kanuni moja tu nzuri ambayo Wachina wanaiita kuacha mzizi, hunywi mpaka chini, ikibaki theluthi unaongeza maji ya moto, hivyo raundi inayofata haiwi nyepesi kama maji ya kuoshea. Dereva wa teksi, mwalimu, mama wa sokoni, wote wanakunywa hivi kutwa nzima. Anayekwambia hii sio chai ya Kichina ya kweli mwambie aende akaangalie Wachina wanakunywaje kazini.

Majani gani unayapenda

Gaiwan haibagui, maana kauri hainywi harufu ya chochote, asubuhi unatia chai ya kijani, jioni pu'er, ile chai ya Yunnan iliyochachushwa, unasuuza tu. Ndo maana wauza chai wenyewe wanakupimishia kwa gaiwan, haifichi kitu, majani mabaya yatajisema yenyewe. Hiyo ni sifa na ni kasoro, ukiwa na chai ya bei ya chini gaiwan haitakuonea huruma.

Buli la Yixing ni la zile zinazotaka moto mkali: oolong (chai iliyo katikati ya kijani na nyeusi) za Fujian na Guangdong, pu'er, chai nyeusi. Udongo unashika joto. Wanywaji wanasema pia unapunguza ukakasi na kuviringisha ladha, mimi naona kwa pu'er ni kweli kabisa, kwa oolong yenye harufu ya maua wakati mwingine naona buli limeimeza harufu niliyoilipia. Halafu desturi yake ni buli moja chai aina moja, kwa hiyo mtu anayependa kuonja huku na kule atajikuta anahitaji mabuli matano. Chai ya kijani laini usiitie humo, joto litaipika mpaka iwe kama mchicha.

Glasi ni nyumba ya chai ya kijani. Longjing ya Hangzhou kwenye glasi ni kitu cha kukaa ukaangalia, maji yawe yamepoa mpaka kama nyuzi 80, majani bapa yanaelea juu kwanza, yananywa maji, halafu moja moja yanaanza kuzama yakisimama wima. Wachina wana hata mpangilio, Biluochun ambayo ni nzito inazama haraka kwa hiyo unatangulia maji majani yanafata juu, Longjing unaweka maji kidogo, majani, halafu maji mengine. Ukitia oolong kwenye glasi ukaiacha dakika kumi usinilaumu kwa uchungu utakaoupata.

Na majani yetu je? Chai nyingi ya dukani Tanzania na Kenya ni ile iliyosagwa ikakatwa na kuviringishwa ikawa chembechembe, imetengenezwa itoke rangi haraka ichemke na maziwa, na kwa kazi hiyo ni bora. Ukiiweka kwenye gaiwan sekunde tano imeshakuwa nyeusi tii na chembe zote zinapita kwenye mwanya wa kifuniko. Nimejaribu, nikaishia kuichemsha kwenye sufuria na tangawizi kama kawaida. Kwa njia zote tatu tafuta majani mazima.

Nikiwa hapo kwenye tangawizi, yule bwana Lu Yu aliyeandika kitabu cha kwanza kikubwa cha chai, karne ya 8, alikuwa na hasira na watu wa zama zake wanaochemsha chai na vitunguu, tangawizi, tende za Kichina, maganda ya machungwa na mnanaa, akasema hayo ni maji ya kumwaga mtaroni. Yeye aliruhusu chumvi tu. Sijui angetufanyaje pale Uswahilini saa kumi na mbili asubuhi. Lakini jambo lake la maji tulichukue, alipanga hivi: maji ya mlimani ndio ya kwanza, ya mto ya pili, ya kisima ya mwisho. Mtu wa Dar anayetumia kisima cha maji ya chumvi anaelewa mara moja, hapo hata ununue buli la mamilioni chai itakuwa mbovu, tumia ya dukani au ya mvua. Na wa Nairobi wasihangaike na habari za maji ya nyuzi 100, kwenye mita karibu 1,800 juu ya bahari maji yanachemka kama nyuzi 94, sawa na Kunming kule Yunnan kwenye pu'er yenyewe, na wao wanakunywa vizuri tu.

Hela, na siku kikivunjika

Gaiwan nyeupe ya kawaida ni bei poa, yangu ya kwanza niliipata kwa yuan 25 kwenye soko la chai la Fangcun pale Guangzhou. Zipo za Jingdezhen, mji wa kauri, zilizochorwa kwa mkono ambazo bei yake usiulize, ila chai inatoka ileile. Kinachovunjika karibu mara zote ni kifuniko, unaungua unaachia, kwa hiyo kama muuzaji ana vifuniko vya ziada chukua.

Kwenye buli hapo ndo nina kidonda. Buli la Yixing la kweli linatoka mji mdogo wa Dingshu, hukohuko Yixing mkoa wa Jiangsu, udongo wake wanauita mchanga wa zambarau, na fundi wa asili halizungushi kwenye gurudumu kama mfinyanzi wetu, anapiga udongo kwa nyundo ya mbao mpaka uwe kama chapati, anaukata, anaukunja duara, anaunganisha. Siku nyingi hizo kwa buli moja zuri. Mabuli ya Gu Jingzhou, fundi aliyefariki 1996, yanauzwa mnadani kwa mamilioni ya yuan. Sasa mi nikaenda mtaa wa watalii, siutaji, nikauziwa buli la zambarau safi linang'aa kwa yuan 80 na karatasi yenye mhuri mwekundu juu yake, nikafurahi. Nimefika nyumbani nimetia maji ya moto, chumba kizima kinanuka rangi ya kupaka mlango. Nikachemsha mara tatu, harufu ipo palepale. Leo linashika penseli.

Kwa hiyo buli linataka ama hela na mtu anayejua, ama unyenyekevu. Jaribio la haraka ni kumwaga maji ya moto ndani ukanuse kabla hujalipa, muuzaji mwaminifu hatakukatalia. Na likivunjika linauma kweli, maana miaka yako yote ya chai imo humo.

Glasi ikivunjika unatoa nyingine kabatini. Angalia tu iwe ya kuvumilia moto na iwe ndefu.

Mko wangapi

Hapa ndipo gaiwan na buli zinakaa upande mmoja na glasi upande wa pili. Kule Chaozhou, ambako watu wengi wanapaita nyumbani kwa gongfu cha, desturi ni vikombe vitatu kwenye sinia hata mkiwa wanne au watano, mnapokezana, na vinapangwa vikigusana. Mwenyeji hamimini kikombe kimoja mpaka kijae halafu kingine, anazungusha mkono juu ya vyote mfululizo ili wote wapate ukali uleule, hiyo wanaiita jenerali Guan anazunguka mji, halafu matone ya mwisho yaliyo makali kuliko yote anayagawa tone tone kila kikombe, hiyo ni Han Xin, jenerali mwingine wa zamani, anahesabu askari. Wasiotaka maigizo wanamimina kwanza kwenye jagi dogo linaloitwa kikombe cha haki, halafu wanagawa. Kikombe kinajazwa sehemu saba tu kati ya kumi. Kwetu ukimpa mgeni kikombe hakijajaa atasema umebana, kule ukikijaza mpaka juu ndo umemkosea, ataungua vidole.

Akikumiminia gonga meza taratibu kwa vidole viwili, ni asante, na haikatishi maongezi. Mi nilikuwa nagonga mara kumi kwa kutojua, wakawa wananiangalia kama napiga ngoma.

Sema gaiwan ina maisha ya pili ambayo buli halina. Chengdu mtu mmoja anakaa na gaiwan yake ya chai ya yasmini kwenye kiti cha mianzi bustanini mchana kutwa, anakunywa humohumo, kifuniko anakitumia kusukuma majani pembeni, akitaka maji anakiegemeza pembeni mhudumu anajua. Chombo kilekile, kazi mbili. Glasi yenyewe ni ya mtu mmoja na kazi zake, wageni wanne mnaweka glasi nne, kila mtu yake, hakuna wa kuhudumia wala kuhudumiwa, na kuna watu wanapenda hivyo.

Sanaa yenyewe iko wapi

Kwenye gaiwan sanaa ni mkono. Majani yaleyale, maji yaleyale, watu wawili wanatoa chai mbili tofauti, kwa sababu mmoja amemimina juu kwa nguvu mwingine ametiririsha pembeni, mmoja amekaa sekunde 8 mwingine 14. Wanasema pia kifuniko ni mbingu, kisahani ni ardhi, bakuli la katikati ni mtu. Anayependa kujifunza kitu kwa mazoezi, kama mpishi wa chapati anayejua kwa kugusa unga, atafurahi hapa.

Kwenye buli sanaa ni muda. Unamwagia maji ya moto kwa nje, unalifuta kwa kitambaa, mwaka wa kwanza huoni kitu, mwaka wa tatu linaanza kung'aa kwa ndani kama kiti cha mbao cha babu kilichokaliwa sana. Haliharakishwi. Wanaopaka mafuta ili ling'ae haraka wanajidanganya.

Kwenye glasi sanaa ni jicho. Hufanyi chochote, unaangalia. Wapo wanaoidharau kwa hiyo hiyo sababu, mi nadhani wanaidharau kwa sababu haina kifaa cha kuonyesha wageni. Mwaka 2022 UNESCO ilipoiweka chai ya China kwenye orodha ya urithi wa kitamaduni usioshikika, iliingiza utengenezaji wa majani na desturi za kunywa pamoja, haikuandikwa popote kwamba lazima uwe na sinia la mianzi.

Sasa we uko upande gani

Kama uko ofisini, una dakika tano na chupa ya maji ya moto, chukua glasi na Longjing au chai yoyote ya kijani yenye majani mazima, na uache mzizi.

Kama unataka kujua chai mbalimbali, leo hii kesho ile, na bajeti ni ndogo, gaiwan. Pia kama unafanya biashara ya majani au unafikiria kuifanya, maana utahitaji kupima bila kudanganywa. Ila kama mikono yako inatetemeka, au una mzee nyumbani anayetaka kumimina mwenyewe, usimpe gaiwan, mpe buli dogo la kauri nyeupe lenye mkono, linakaa katikati ya yote haya na halikuulizi aina ya chai.

Umeshakunywa mwaka mzima na umejikuta kila mara unarudi kwenye chai moja, tuseme pu'er au Dancong, ile oolong ya Chaozhou? Hapo buli la Yixing lina maana. Kabla ya hapo unanunua pambo. Na kama wageni wako ni wale wa kukaa mpaka usiku na maongezi hayaishi, buli lina faida ya kutulia na joto lake wakati mnabishana.

Nyumba yenye watoto wadogo wanaokimbia, glasi, na iwe mbali na ukingo wa meza.

Na kama unasafiri kwenda Guangzhou mwezi ujao usinunue chochote siku ya kwanza. Ukikalishwa kwenye meza ya chai mwombe mwenyeji akuachie umimine raundi moja kwa gaiwan yake, atacheka lakini atakupa, wanapenda sana hilo. Ukiona vidole vinawaka, rudisha chini polepole, usiachie, bei ya mzigo wako bado hamjaiongea.